Tupeane uzoefu: kurekodi mbuzi na kuku wa nyumbani mpaka video itazamike

Mwanzisha mada: Wakuu wa Mtwara na Lindi, mbuzi akirukaruka mtandaoni watu hawachoki kumtazama, ila video nyingi za kwetu zinaonyesha migongo tu. Wenye ujuzi, wekeni hatua kamili.

Fundi Simu, Mikindani: Kosa kubwa ni kurekodi umesimama. Shusha simu mpaka usawa wa macho ya mnyama. Kwa vifaranga, ipindue kichwa chini ili lenzi ikaribie ardhi, iegemeze kwenye jiwe. Ipindue kabla ya kubonyeza, la sivyo video itatoka miguu juu. Pumba konzi moja, zimwage hatua moja nyuma ya simu, kuku waje wakiielekea. Kuku mweupe juani huungua kwenye picha, manyoya yanakuwa meupe kama karatasi: mguse kwenye kioo cha simu, kisha buruta alama ya jua ishuke. Muda mzuri ni saa 12 na nusu hadi saa 2 asubuhi. Kusi likivuma, kipande cha sponji kwenye tundu la maiki kinaokoa sauti.

Mfugaji, Nachingwea: Vitoto vya mbuzi huchangamka sana wakiwa na wiki 2 hadi 4, asubuhi wakishanyonya. Waletee kigogo cha kimo cha sentimita 30, watakiparamia wenyewe. Rekodi fremu (picha) 60 kwa sekunde, ukipunguza mwendo picha haikatikikatiki. Kuhusu mlio, tafadhali msimtenge mama na mwanawe ili alie. Jioni kundi likirudi malishoni mama huita mwenyewe, na mlio huo ndio mtamu.

Mama Mabibo, Tandahimba: Msimu wa korosho, chambo ni bibo, lile tunda la mkorosho. Ng'oa korosho kwanza, mafuta ya ganda bichi huunguza mdomo. Maganda mabichi ya muhogo mchungu usiwape, yana sumu ya sayanidi. Mkorosho uliopulizwa salfa, dawa ya ukungu, kaeni nao mbali.

Mwanzisha mada: Na wale mbuzi wanaozimia?

Mfugaji, Nachingwea: Asili yao Tennessee, Marekani. Hawazimii: wana hitilafu ya kurithi, wakishtuka misuli inakakamaa lakini fahamu wanazo. Mbuzi wetu hana hiyo. Ukimshtua atakimbia hovyo avunjike mguu, mwenye mimba anaweza kuitoa, na kesho yake akiona simu tu hakusogelei.