Babu yangu Mngazija, karatasi yake inasema Madagaska, sa mimi kosa langu nini??

Wakuu heshima kwenu, nimetoka ofisi moja hapa mjini (siitaji) kichwa kinagonga. Miezi minne nafuatilia makaratasi ya familia, kila fotokopi walioitaka nimepeleka, leo dogo wa dirishani kaishika karatasi ya babu, kaigeuza geuza, kaniambia "babu yako Mmadagaska huyu, kalete uthibitisho wa huko". Wallahi nilitaka kulia.

Jamani babu kazaliwa Mitsamiouli, Ngazija, huko Komoro, 1938. Bukini (ndo Madagaska hiyo) hajaikanyaga hata ndotoni! Muhuri unasema Madagaska kwa sababu Mfaransa mwaka 1912 alivichukua visiwa vyote vinne vya Komoro, Ngazija, Nzuani, Mwali na Maore (Mayotte), akavibandika kwenye koloni lake la Madagaska, visiwa vilivyokuwa na masultani wao vikageuzwa kijitawi cha gavana wa Antananarivo, na mambo yakaenda hivyo hadi 1946 ndo vikatenganishwa. Sa mtu aliezaliwa hapo katikati ulitaka aandikwe wapi, Uchina?

Na hapo bado. Makao makuu ya visiwa wala hayakuwa Moroni, yalikuwa Dzaoudzi, huko Maore, maana Maore Mfaransa aliitia mkononi mapema, 1841, kauziwa na sultani Andriantsoly (na huyo ndo Mbuki wa kweli kwenye habari hii yote, ila yeye hakuna aliemuomba uthibitisho). Moroni imekuja kupewa kiti miaka ya 60. Ikaja kura ya Desemba 1974, visiwa vitatu vikataka uhuru, Maore wengi wakakataa, Mfaransa akaona ahesabu kisiwa kimoja kimoja, uhuru ukatangazwa tarehe 6 Julai 1975 yeye Maore kaing'ang'ania, na 2011 kaifanya mkoa kamili wa Ufaransa. Toka 1995 Mngazija anaekwenda Maore anadaiwa viza. Yani viza ya kwenda kwenye makao makuu ya zamani ya nchi yake mwenyewe!! Toka Nzuani ni kama kilomita 70 tu, na watu wanazama humo na vikwasa, viboti vya kuvukia kimagendo, kila mwaka.

Kwahiyo dogo anaposema "kalete uthibitisho" niende wapi? Antananarivo, ambako babu hajulikani? Dzaoudzi, niombe viza? Mafaili ya koloni mengine yako Aix-en-Provence, Ufaransa kabisa, nauli atanipa yeye? Nimemueleza yote haya pale pale, foleni nzima inasikiliza, bi mkubwa mmoja nyuma yangu kaitikia "hata marehemu baba yangu karatasi yake hivyo hivyo", dogo kajibu "mfumo unasoma Madagaska" kaita mwingine.

Kuna mwenye karatasi ya mzee yenye muhuri kama huu na ikapita? Ulipeleka nini? Na tafadhali asije mtu hapa kuniambia nitoe cha chai, hiyo nishaambiwa mlangoni.