Ghuba la Piran: hukumu ipo tangu 2017, mbona hadi leo wanagombana?

Skuli_Wete
Asalaam alaikum wanabaraza. Wanafunzi wa kidato cha sita wana mdahalo juu ya Ghuba la Piran, linalogombaniwa na nchi mbili za Ulaya, Slovenia na Kroatia. Baraza la usuluhishi lilishakata mpaka wa bahari, lakini kila nchi inafuata mstari wake. Hukumu ilisema nini hasa, na Kroatia inaikataa kwa hoja gani?

MkondoWaPemba
Waalaikum salaam, maalim. Anza ubaoni. Mdomoni mwa ghuba pana rasi mbili: Madona ya Slovenia na Savudrija ya Kroatia. Ziunganishe kwa mstari, uugawe mafungu manne sawa, uhesabu matatu kutoka Madona, utie nukta. Sasa vuta mstari kutoka mdomo wa mto Dragonja hadi kwenye nukta ile. Huo ndio mpaka wa hukumu ya 29 Juni 2017. Kroatia ilidai mstari wa kati. Slovenia ilidai ghuba zima.

Vijana hukwama hapa panapofuata. Nje ya ghuba, bahari ya Kroatia inagusana na ya Italia, Slovenia haina pa kutokea. Baraza likaweka njia ya upana wa maili 2.5 hivi za baharini ndani ya bahari ya Kroatia: meli ziendazo na zitokazo Slovenia zipite bila kusimamishwa, ndege zipite juu, nyaya zilazwe chini. Kuvua hakumo. Kwa hiyo anayesema Slovenia "imepewa ukanda wa bahari" mkateni alama, bahari ile bado ni ya Kroatia.

Bi_Sheria
Kuhusu hoja ya Kroatia: Julai 2015 zilivuja simu za msuluhishi aliyeteuliwa na Slovenia akizungumza na ofisa wa serikali yake juu ya kesi yenyewe. Jambo zito sana hilo. Bunge la Kroatia likaamua kujitoa, kwa kutumia kifungu cha 60 cha Mkataba wa Vienna, ule wa sheria ya mikataba baina ya nchi: upande mmoja ukivunja mkataba vibaya, wa pili anaweza kuusitisha. Baraza likajazwa wasuluhishi wapya, na tarehe 30 Juni 2016 likasema kosa limetendeka kweli, ila linarekebishika, na makubaliano ya 2009, yaliyopeleka ugomvi huu kwenye usuluhishi, yangalipo. Kwangu mimi, Kroatia ina haki ya kukasirika, lakini kisheria hapo imeshindwa.

Msisahau wakati. Makubaliano yale yalisainiwa Slovenia ikiwa imeizuia Kroatia kuingia Umoja wa Ulaya. Kroatia ikaingia 1 Julai 2013, kabari ikatoka. Slovenia ikaishitaki Kroatia kwenye Mahakama ya Haki ya Umoja huo. 31 Januari 2020 ikajibiwa kwamba usuluhishi ule ni wa sheria ya kimataifa, mahakama haina mamlaka nao.

Skuli_Wete
Ahsante bibi. Na wavuvi?

MkondoWaPemba
Hao ndio walioumia. Kabla Kroatia haijaingia Schengen (eneo la nchi za Ulaya zisizokaguana mipakani) mwaka 2023, mvuvi akitega nyavu kati ya mistari miwili, ule wa hukumu na ule wa kati wa Kroatia, polisi wa upande wa pili walimwandikia faini ya kuvuka mpaka, na serikali yake ilimwambia yuko kwao.