Msajili anataka maana ya jina la mtoto wetu

Ndugu wanajumuiya, wakubwa shikamooni.

Tumejaliwa binti wiki tatu zilizopita, tukampa jina la marehemu mama yangu, Mashaka. Fomu ya kizazi imerudishwa pamoja na barua inayotaka tuthibitishe kwamba Mashaka ni jina la mtu, kwamba ni la kike, na kwamba maana yake haitamdhalilisha mtoto, kwa kuwa mfasiri wao ameliandika kuwa ni "kutokuwa na hakika". Je, barua ya uthibitisho huandikwa na ubalozi, au mkalimani aliyeapishwa anatosha? Tumebakiwa na siku kumi.

Baba wa binti

———

Pole, kaka. Sisi yalitukuta kwa Juma wetu, aliyeitwa hivyo kwa kuzaliwa Ijumaa, kama Waakan wa Ghana wanavyomwita Kofi mvulana wa siku hiyo hiyo. Msajili alishangaa mtu kuitwa siku, kisha baada ya miezi miwili akampitisha bila maelezo yoyote. Barua tuliipeleka, ila sikumbuki ilisainiwa na nani.

Mama Juma

———

Naomba turekebishane kabla ya mtu kupotoshwa. Jina Mashaka si wingi wa shaka. Ni maneno mawili ya Kiarabu yaliyogongana ndani ya Kiswahili: shakk, lililotupa shaka, na mashaqqa, ambalo ni taabu na dhiki. Mtoto huitwa Mashaka, kama aitwavyo Tabu au Shida, kwa sababu ya yale yaliyoipata nyumba wakati anazaliwa. Jina linasimulia kipindi, halimtabirii mwenye nalo. Wala hatuko peke yetu: Dolores la Kihispania ni "maumivu", kutokana na sifa ya Bikira Maria, na Claudia lina mzizi wa neno la Kilatini la mtu anayechechemea. Sijasikia Claudia akidaiwa barua. Ama jinsia, Mashaka hupewa wa kike na wa kiume, kwa hiyo msimwapie msajili lisilo kweli.

Mkalimani mstaafu

———

Mzee wangu, kwa heshima zote, ukimwondolea msajili "kutokuwa na hakika" ukamwekea "dhiki", umemwongezea sababu ya kukataa. Hata Yakobo alipombadilisha Benoni, yaani "mwana wa huzuni yangu", akawa Benyamini, hofu yake haikuwa mbali na ya huyo msajili. Mwongezeni jina la pili. Mimi naitwa Sikudhani, na huku wanalisoma kama wanasoma namba ya jalada. Tangu mama alipofariki, sijalisikia likiitwa na mtu anayejua ni nini hakikudhaniwa.

Sikudhani

———

Dada, jina la pili hakuliuliza mtu. Na tusijione tumeonewa peke yetu: Iceland ina kamati ya majina tangu 1991, inayopima hata majina ya wenyeji, ikiwemo kama yanakubali viambishi vya sarufi ya lugha yao.

Msomaji wa siku nyingi

———

Nawashukuru nyote. Maelezo ya mashaqqa nimeyaandika kama Mzee alivyoyatoa, pamoja na habari za bibi aliyejifungua akiwa mjane wa wiki moja, na jina la pili hatutaongeza. Ila bado sijajua atakayesaini ni nani, na siku zimebaki sita.

Baba wa binti