Magauni ya Malkia Mary kwenye Reign, mbona yananichanganya?

Fundi_wa_Ngamiani:
Wakuu, habari za jioni. Mimi ni fundi cherehani, nguo za harusi ndizo zinazonilisha. Binti yangu kaniwekea tamthilia ya Reign kwenye flashi, misimu yote minne, naangalia huku napiga pindo. Hadithi imenikamata, lakini magauni yananichokoza. Malkia wa Uskoti wa miaka ya 1500 na mgongo wazi? Lesi laini vile, na pale kiunoni naapa nimeona zipu! Anayejua historia anisaidie: Mary mwenyewe alivaa nini? Mwisho wake msiniambie, ndio kwanza niko msimu wa pili.

Mwalimu_Mstaafu:
Dada fundi, jicho lako halijakudanganya. Hata kina Lola na Kenna, wale wasichana wanaomhudumia Mary, ni wa kutunga. Wasichana wanne aliokwenda nao Ufaransa mwaka 1548 wote waliitwa Mary kama yeye. Ila hili utalipenda: alipoolewa na Francis, mrithi wa ufalme wa Ufaransa, Aprili 1558, alivaa nyeupe, na kule nyeupe ilikuwa rangi ya malkia aliyefiwa. Desemba 1560 Francis akafa kwa ugonjwa wa sikio. Mary akarudi kwenye nyeupe, safari hii ya eda, zikiwa zimebaki siku tatu atimize miaka 18.

Kahawa_Chungu:
Mama, mwisho gani wa kuficha na una miaka zaidi ya 400? Alikatwa kichwa, 8 Februari 1587.

Fundi_wa_Ngamiani:
Wewe mtoto! Si nimesema msiniambie? Haya, maji yameshamwagika. Mwalimu, siku hiyo alivaa nini?

Mwalimu_Mstaafu:
Juu nyeusi tupu. Walipomvua, ndani nyekundu iliyoiva, rangi ya mashahidi wa dini kwa Wakatoliki. Ilikuwa ngome ya Fotheringhay, Uingereza, baada ya kufungiwa miaka karibu 19 na nduguye Elizabeth, malkia wa Uingereza. Mwenye shoka alipiga zaidi ya mara moja. Alipoinua kichwa kwa kushika nywele, kikadondoka, akabaki na wigi mkononi. Halafu kijibwa chake kikakutwa kimejificha ndani ya sketi.

Fundi_wa_Ngamiani:
Sketi ya kuficha mbwa! Hapo kitambaa si cha mita mbili tatu. Na ile nyekundu ya ndani alishaipanga, mtu havai hivyo kwa kukurupuka. Flashi naizima leo. Nina shela ya bibi harusi hapa mezani, nyeupe, hata kuigusa sitaki.