Mke Mwestonia anataka mtoto aitwe Undo, nyumbani Magu wanamsubiri Mabula. Naombeni ushauri

Msukuma_Tartu
Wakubwa shikamooni, wengine habari zenu.

Mimi ni mtu wa Magu, Mwanza. Nilikuja Estonia kusoma, nikaoa, nikabaki hapa hapa Tartu. Mama kijacho ni Mwestonia na vipimo vinasema ni wa kiume. Kitanda kipo, nguo zipo, kigari kipo. Jina ndilo limetushinda.

Mke wangu kasoma fizikia. Tangu akiwa mwanafunzi anamhusudu mtu mmoja anaitwa Undo Uus, mtaalamu wa fizikia ya nyota aliyefanya kazi kwenye kituo cha kuangalia nyota cha hapa Tartu, halafu akahamia kwenye falsafa. Kwa nilivyoelewa mimi nisiye msomi wa mambo hayo, hoja yake ni kwamba sayansi inaweza kukupimia mwanga mwekundu hadi urefu wa wimbi lake, ikafuata ishara kutoka jichoni hadi kwenye ubongo, na bado isiwe imesema neno hata moja kuhusu vile wewe unavyouona huo wekundu. Au maumivu. Mishipa inaelezeka, kuumwa kwenyewe hakumo kwenye hesabu. Kwa mke wangu huyo ndiye mtu jasiri kuliko wote, kwa sababu aliyasema hayo akiwa ndani ya sayansi. Basi mtoto aitwe Undo.

Sina ugomvi na falsafa. Ugomvi uko Magu. Marehemu baba yangu aliitwa Mabula, na mama kashautangazia ukoo mzima kuwa Mabula anarudi. Nilipomtajia Undo kwenye simu alinyamaza, kisha akauliza, "Huyo Undo ni nani wetu?" Nikajifanya mtandao unakatika.

Hofu zangu nyingine: kwenye kompyuta Undo ni kile kitufe cha kufuta ulichofanya, sitaki mtoto ataniwe akija likizo Bongo. Na suala la jina la ukoo sielewi nilishike wapi. Huku mtoto anapewa jina la ukoo la baba au la mama, basi. Kwetu ni lake, la baba, la babu. Mke naye ananiambia Undo ni jina la kwao, halikuja na wamisionari, kwa hiyo lina uzito kama Mabula. Hapo sina cha kumjibu.

Nawasilisha. Matusi hapana.

Kiroboto
Kontroli Z Mabula. Naona kabisa mwalimu anaita majina asubuhi 😂

Bi_Shangani
Hongera mwanangu, Mungu amfungue salama. Kwetu Unguja tunasubiri siku ya saba, akika inachinjwa, nywele zinanyolewa, jina linatajwa. Kabla ya hapo watu wazima hawagombani. Nyinyi mtoto hajafika mshamgawana.

Kuhusu kutaniwa, watoto watamtania hata ukimwita Muhammad.

Mzee_wa_Baltiki
Nimeishi Tallinn muda mrefu, nimeoa huko pia, kwa hiyo hili la "asili" nalijua kwa sababu nimelilia mwenyewe.

Wakulima wa Estonia walikuwa watwana wa mabwana wa Kijerumani. Upande wa kaskazini waliachiwa huru 1816, upande wa kusini, uliko huko Tartu kwako, 1819. Kabla ya hapo mkulima hakuwa na jina la ukoo. Alijulikana kwa shamba analolima: Jaan wa shamba la Tamme aliitwa Tamme Jaan, akihamia shamba jingine na jina linahama. Majina ya ukoo yakagawiwa baada ya uhuru huo, miaka ya 1820 na 1830, kwa madaftari, bwana na karani wake wakiwa na sauti kubwa. Ndiyo maana leo ukishika orodha ya majina yao unadhani umeingia msituni: Tamm ni mwaloni, Rebane mbweha, Kukk jogoo, Mägi kilima. Sepp ni mhunzi. Hata Uus la mwanafalsafa wenu maana yake ni "mpya" tu. Wengine waligawiwa majina ya Kijerumani moja kwa moja wakayabeba miaka mia.

Majina ya kwanza nayo kwa karne nyingi yalikuwa ya kanisani yaliyotafunwa na ndimi za kienyeji. Jaan ni Yohana, Mihkel ni Mikaeli, Tõnu ni Antoni. Ukisikia Lembit, Kalev, Linda, hayo yalipata nguvu na uamsho wa taifa, karne ya 19 kuja mbele. Lembit limetokana na Lembitu, mkuu wa Waestonia aliyeuawa Septemba 1217 akipigana na jeshi la msalaba. Kalev na Linda wamo kwenye Kalevipoeg, utenzi wao wa taifa ambao daktari mmoja, Kreutzwald, aliuchapisha kati ya 1857 na 1861. Yaani watu waliokuwa na akina Jaan nyumba nzima walikaa chini wakaamua sasa watoto waitwe kishujaa.

Kisha ikaja miaka ya 1930. Serikali ikahimiza watu waache majina ya Kijerumani wachukue ya Kiestonia, na watu wapatao laki mbili wakabadili, kwenye nchi ya watu milioni moja na kidogo. Waziri mkubwa tu aliyekuwa Karl Einbund akawa Kaarel Eenpalu mwaka 1935.

Sasa muulize mkeo kuhusu Jaan Einasto. Kama kasoma fizikia ya anga Tartu lazima anamjua. Ni mmoja wa waliotoa mwaka 1974 hoja kwamba magalaksi yamezungukwa na maada nyingi isiyoonekana. Alizaliwa 1929 kwenye familia ya Eisenschmidt, Kijerumani kabisa. Baba yake alipotaka jina jipya hakwenda makaburini wala kwa wazee. Chukua karatasi uandike ESTONIA, kata herufi moja moja, zipange upya. Unapata EINASTO. Hakuna hata moja iliyobaki wala iliyozidi. Leo jina hilo liko kwenye vitabu vya wanaastronomia dunia nzima, kuna hadi kanuni ya kupimia galaksi inayoitwa kwa jina hilo.

Ninachokwambia: mkeo asikutishe na asili. Jina huko kwao ni kitu ambacho watu wamekichagua, wakati mwingine mezani na kalamu mkononi. Na hilo si aibu. Ila basi na yeye akubali kuwa la kwako halikuchaguliwa na mtu, limerithiwa, na kati ya hayo mawili lisiloweza kusubiri ni hilo lenye mwenyewe.

Nyarkisumo
Mzee hapo juu amesema vizuri lakini mwisho simuungi mkono. Mimi ni Mjaluo wa Kisumu. Kwetu ukizaliwa usiku ni Otieno, mvua ikinyesha ni Okoth, na juu ya hayo unaweza kurithishwa la marehemu. Na bado mwaka 2008 watoto wangapi Nyanza waliitwa Obama? Hakuna aliyeuliza Obama ni nani wao, ingawa hapo mnaweza kusema alikuwa wetu, haya. Uhuru Kenyatta amezaliwa Oktoba 1961 akapewa jina la kitu ambacho Kenya haikuwa imepata bado. Jina la kumtamania mtoto kitu fulani si geni Afrika. Mama anataka mwana atakayefikiria kwa ujasiri, hiyo ni sababu kamili. Amebeba mimba, jameni.

Mkata_Mbuga
Mimi nashangaa watu mnazunguka. Marehemu baba yako ni Mabula, sivyo? Kwa utaratibu wa Tanzania mtoto anaandikwa Undo, halafu jina lako, halafu la babu. Mabula yumo tayari! NIDA, cheti cha shule, kila mahali. Mpe mke lake, babu kajikalia mwisho kwa raha zake.

Msukuma_Tartu
Mkata_Mbuga, hilo nililijaribu kwa mama juzi. Kanijibu jina la tatu ni la makaratasi. La kurithi ni la kuitwa, mtu akiwa anafukuza kuku uani aitwe hilo. Marehemu hasomi cheti.

Nyarkisumo asante, mke nimemtafsiria maneno yako, kafurahi kupita kiasi. Umeniponza.

Kiroboto
Marehemu hasomi cheti. Mama yako ndiye mwanafalsafa, mtoto aitwe jina la mama yako.

Karani_Mstaafu
Nimefanya kazi ya usajili kwa miaka mingi, niruhusuni niingie kwenye makaratasi maana huko ndiko watu wanakoumia.

Naona hapa wengi watakushauri umpe yote mawili, Undo Mabula, kisha jina la ukoo. Kwa huko Estonia ni sawa, mtoto anakuwa na majina mawili ya kwanza. Lakini cheti hicho kikifika Tanzania, karani akisoma "Undo Mabula" anaelewa kitu kimoja tu: Undo mtoto wa Mabula. Utakuwa umemwandikisha mwanao kama mtoto wa babu yake, yaani mdogo wako. Ukigeuza, Mabula Undo, ndiyo mbaya zaidi, watakuuliza huyo Undo baba mtu yuko wapi. Nimeona mirathi ya viwanja ikikwama kwa kitu kidogo kama hicho, watu wanakimbizana na viapo kwa wakili.

Waestonia wana desturi nzuri ya kuunganisha majina kwa kistari, utaona akina Mari-Liis na Karl-Erik kibao. Tumia hiyo. Undo-Mabula ni jina moja. Karani wa kwetu atalisoma kama la kwanza, halafu yafuate yako. Tartu wataita kipande chao, Magu wataita chao, na mama atafukuza kuku na Mabula wake.

Jambo la pili, usikubali herufi moja itofautiane kati ya cheti cha huko na cha huku. Bahati yenu Undo halina zile herufi zao zenye alama juu. Lingekuwa Jüri au Tõnu ungelia.

Jambo la tatu, mtoto anaweza kuwa raia wa kote kuwili akiwa mdogo, ila akifika miaka 18 Tanzania itamtaka achague. Siku hiyo majina yakiwa yanapingana atapata shida yeye, wewe ushazeeka.

Umusore_Kgl
Niongeze moja kutoka Rwanda. Sisi hatuna jina la ukoo kabisa, kila mtoto na lake, mimi na baba na dada zangu hatufanani hata herufi. Nyumbani hakuna tatizo. Uwanja wa ndege Ulaya, dada yangu akisafiri na mwanae, anaulizwa huyu mtoto ni wa nani. Anatembea na cheti cha kuzaliwa mkobani kila safari. Kwa hiyo mtoto akichukua ukoo wa mama, wewe baba ukisafiri naye peke yako beba cheti. Akichukua wako, mama abebe.

Mzee_wa_Baltiki
Karani kanifunga mdomo, kistari nilikuwa sijakifikiria. Msukuma, nenda ofisi ya usajili mapema ukaulize kabla mtoto hajafika. Mkeo akishajifungua, ukumbuke muda wa kuandikisha huko ni mwezi mmoja, na mwezi wenye mtoto mchanga unaisha kama wiki.

Bi_Shangani
Na huyo mtu Uus mwenyewe mkeo amewahi kumwandikia barua? Ningekuwa mimi ningependa kujua nina wajina.

Msukuma_Tartu
Bi Shangani, hapana. Anaona haya.

Wakuu, mrejesho. Nimemsomea mke habari ya Karani sentensi kwa sentensi. Nilipofika kwenye mtoto kuwa mdogo wangu alicheka hadi nikaogopa uchungu umeanza. Kistari kakikubali. Nikampigia mama kumweleza hatari ya "Undo Mabula" kusomeka mtoto wa Mabula, nikitegemea na yeye atashtuka. Hakushtuka hata kidogo. Kasema kwani mimi nitamwitaje mtoto mwenye jina la baba yangu kama si baba? Na yeye atamwita mume wangu. Karani akiandika kinyume, kasema, karani ndiye atakuwa kapatia.

Jumatatu naenda kwa msajili. Ubishi uliobaki ni kipi kitangulie kwenye kistari.

Karani_Mstaafu
Undo kitangulie. Kwenye fomu zetu nafasi ni fupi, kipande cha mwisho ndicho kinachokatwa, lakini Mabula hata akikatwa hapo mama yenu yupo. Undo akikatwa hana mtetezi Magu.

Kiroboto
Na vipimo vikidanganya akaja wa kike?

Msukuma_Tartu
Hilo tulimaliza zamani. Ataitwa Linda. Kwao ni mke wa Kalev kwenye utenzi, na mama Magu kaambiwa jina ni Linda akajibu vizuri sana, alinde ng'ombe.