Naomba ushauri: kubadili muziki wa gemu katikati ya pambano kama wa Kow Otani

Wakuu, habari zenu. Mtunzi wa Kijapani Kow Otani alitunga muziki wa filamu tatu za Gamera (1995, 1996, 1999), kisha wa gemu la Shadow of the Colossus mwaka 2005. Humo, mchezaji akilidandia jitu, muziki wa hofu hugeuka wa ushindi. Unasisimua kweli!

Kwenye gemu letu tuna vipande viwili vya muziki, mapigo 120 kwa dakika, mapigo 64 kila kimoja, yaani sekunde 32. Faili za sauti za MP3 huacha ukimya mdogo kwenye maungio, kwa hiyo tunatumia za WAV. Kinachosumbua ni mwangwi wa tarumbeta: kipande kikibadilika, unakatika ghafla. Tukisubiri mapigo manne ndipo tubadili, sekunde 2 zinapita, mchezaji keshapanda.

Mwangwi tuuweke faili la peke yake, au tubadili kila baada ya mapigo mawili?