Akili mnemba imenikatalia swali la kunyonyesha, halafu ikamvua nguo mdogo wangu

Wakuu, nina hasira na sitaificha.

Wiki mbili zilizopita, saa nane usiku, nipo Mbagala na kichanga. Titi la kushoto limevimba, la moto, chuchu imepasuka inatoa damu. Nikaiuliza akili mnemba kwa Kiswahili: nimnyonyeshe upande huo au niache? Ikajibu haizungumzii maudhui ya ngono. Ngono! Nikaandika "ziwa" badala ya "titi", ikakataa tena. Asubuhi nesi wa zahanati akanimalizia kwa maneno machache: endelea kunyonyesha, maziwa yakituama ndiyo unaumia zaidi, ukipata homa njoo upewe dawa.

Jumapili mdogo wangu akanipigia analia. Kuna mtu kachukua picha yake ya harusini, ile aliyovaa gauni la kijani, kaitupa kwenye grupu la WhatsApp akiwa uchi. Chini pembeni ina alama ya programu ileile iliyoniona mimi mchafu. Hereni zilezile, tabasamu lilelile, hata mkono wa shangazi begani kwake upo. Ila bega lenyewe laini. Mdogo wangu aliungua uji akiwa na miaka mitano, kovu linaanzia begani hadi kifuani. Ikabidi afungue kanga mbele ya mawifi zake walione, ndipo wakaamini picha imetengenezwa. Mwanamke mzima, anavua nguo kweli ili athibitishe kuwa hakuvua!

Polisi tumeripoti. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inakataza kusambaza picha za ngono, kwa hiyo aliyetuma akipatikana atajibu. Waliotengeneza mashine yenyewe wanajibu kwa nani?

Na msiniambie ni bahati mbaya. Mwaka 2023 watafiti wa Chuo Kikuu cha Brown, Marekani, walichukua maombi mabaya ambayo akili mnemba iitwayo GPT-4 iliyakataa kwa Kiingereza, wakayatafsiri kwa Kizulu, na mengi ikayajibu. Yaani ulinzi wameuweka kwenye lugha yao, sisi tumebaki na mlinzi anayesikia "titi" akafunga geti, huku mwizi anapita na picha mkononi.

Aliyewahi kufuatilia picha ya hivi hadi ikafutwa, aniambie alianzia wapi. Mdogo wangu tangu Jumapili hajafungua kibanda chake cha kushona pale Tandika.